Jina Chini ya Uso

Wembley, London
14 Januari 2024

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta umeketi, maana ukiisoma umesimama utaunguza kitu jikoni. Mimi ni mzima. Baridi ipo, kazi ipo, na makaratasi yangu ya ukaazi bado yamelala Homofisi, kule uhamiaji, kwenye meza ya mtu, mwaka wa kumi na moja sasa. Jicho linaendeleaje? Daktari wa Moshi amesemaje? Usinijibu kwamba Mungu anajua. Najua anajua, nakuuliza wewe.

Simu umeikataa, unasema maneno ya simu hayana pa kukaa, basi sikiliza habari hii kwa karatasi. Lile jengo ninalosafisha karibu na uwanja wa mpira lina vyumba vya kukodi. Chumba cha mwisho amekodi mama mmoja wa Kijapani, Kiyomi, anatengeneza filamu. Mwezi wa kumi na moja nilikuwa namwaga taka zake, nikasikia kompyuta inasema, "Funga hilo lango, maji yote yanaenda kwa Mndeme!" Nikaganda na mfuko mkononi. Ule ulikuwa ugomvi wa Kipare kabisa, mama. Nikamwambia, "Samahani, hawa watu nawajua." Akaniuliza kama naelewa wanachosema. Tangu siku hiyo nina kazi ya pili. Nikimaliza kusafisha saa tatu asubuhi naketi kwake mpaka saa saba, natazama picha za zamani na kuandika nani anasema nini.

Picha zilipigwa kwetu Langoni, mwaka 1984, wakati wa mradi wa mpunga. Aliyepiga ni baba yake Kiyomi, sasa marehemu. Mikanda ilikaa ghalani Japani miaka arobaini. Huyu mama filamu zake zote anazitengeneza kwa picha za zamani tu, hapigi mpya. Anasema kwao, wakati wa vita, sinema za habari ziliwaonyesha watu ushindi mpaka miji yao ikaungua, ndiyo maana walimu wake walimfundisha kuiogopa picha isiyo na tarehe. Kila uso lazima uandikwe chini: wapi, lini, nani. Haongezi muziki, hakati pembeni, na picha anaiacha iende mpaka mkanda wenyewe uishe. Inachosha, lakini unaizoea.

Wiki iliyopita nikakuona wewe. Kitenge cha njano, unapakua wali. Ulikuwa mwembamba, mama. Pembeni yako ameketi mtoto wa kiume wa miaka sita hivi, shati la mistari, anakula. Ni kaka Eliakunda? Miaka thelathini na minane nimeishi na jina lake tu. Watu wote wanakuita Mama Eliakunda, na mimi sijawahi kuona hata picha yake moja. Najua alikufa mferejini kabla sijazaliwa, basi. Kiyomi anataka kuandika jina lake. Nilimtazama yule mtoto mara nne. Nilisubiri kulia, kilio hakikuja, nikaenda kununua mkate.

Mwanao,
Nakijwa

Langoni
11 Februari 2024

Kwa mwanangu Nakijwa,

Marahaba. Barua imenikuta nimeketi, na sufuria ilikuwa salama. Afya si mbaya. Daktari amesema ni presha ya macho. La kushoto limekwenda, la kulia linafuata. Amenipa dawa ya matone, ila amesema matone ni ya kuchelewesha tu. Hatibu ndiye aliyenipeleka Moshi na gari lake, akanisubiri kutwa nzima, na mashine yake ya kusaga aliifunga kwa ajili yangu. Anakusalimu. Kanisa limepakwa rangi, rangi mbaya. Mvua hazijaja. Herufi zangu zimekuwa kubwa, utanisamehe, karatasi inakwisha upesi.

Kuhusu hiyo picha, kitenge hakikuwa cha njano. Kilikuwa kijani. Mwambie filamu yake imechuja.

Ule vizuri.

Mama yako

Wembley
3 Machi 2024

Mama,

Shikamoo. Nimefurahi kusikia habari za kanisa, za mvua, za Hatibu na za kitenge. Umenijibu kila kitu isipokuwa nilichokuuliza. Mimi ni mtoto wako, mbinu zako nazijua.

Jicho limenikaa moyoni. Nimekutumia kioo cha kukuzia kwa mtu anayekuja Same, kiko ndani ya soksi.

Sasa sikiliza. Kiyomi ana daftari la baba yake. Kwenye ukurasa wa Julai 1984 ameandika vipimo vya mwanga, idadi ya mikanda, kisha maneno machache peke yake chini. Kiyomi alinitafsiria polepole: "Mtoto si yule." Hajaeleza zaidi. Na juzi imefika mikanda mingine kutoka Japani, ile iliyokatwa ikaachwa nje ya filamu aliyoitengeneza baba yake wakati ule. Ni ya Machi, wakati wa kupandikiza, haina sauti. Humo pia yupo mtoto wa shati la mistari. Nimewatazama wote wawili hadi nikachanganyikiwa. Kiyomi anasema hawezi kuandika jina lolote mpaka wewe useme.

Sikusukumi, mama. Lakini nakuomba.

Mwanao,
Nakijwa

Langoni
26 Mei 2024

Mwanangu Nakijwa,

Marahaba. Sijaugua. Niliandika barua hii mara tatu, na mara tatu nikawashia nayo moto. Kioo cha soksi kimefika, asante. Nitaandika mara moja, na baada ya hapo usiniulize tena.

Machi mwaka ule Wajapani walikuja wakataka familia moja ya kuonyesha kwenye sinema yao, kuanzia kupandikiza mpaka kuvuna. Walituchagua sisi kwa kuwa baba yako alikuwa mshika funguo za malango ya maji, na kwa kuwa tulikuwa na mtoto mmoja mchangamfu. Eliakunda alitembea mbele ya kamera siku nne kama vile mradi ni wake. Tarehe kumi na mbili Mei, asubuhi, akatumbukia kwenye mfereji mkubwa. Walimtoa kwenye lango la tatu. Baba yako alikuwa amelifunga saa moja kabla.

Tulimzika, matanga yakaisha. Julai Wajapani wakarudi kumalizia. Bwana mradi alitangulia peke yake, akaketi na baba yako. Alisema wageni wametoka mbali na filamu imeshaanza. Alisema wakisikia mtoto amekufa kwenye mfereji wao watafunga mradi kwa aibu, na kijiji kizima kitakosa maji kwa ajili yetu. Akasema, "Mtoto ni mtoto, kwenye picha nani atajua?" Baba yako hakuniuliza. Alikwenda kwa jirani, akaazima mtoto.

Alimwazima Hatibu, huyu huyu wa mashine. Alikuwa na miaka saba. Nilimvisha shati la Eliakunda, likambana kwapani. Mkalimani akaniambia nimpakulie wali na nitabasamu. Nikampakulia, nikatabasamu. Wakamfundisha kufunga mikono na kuomba kabla ya kula kama mtoto wetu wa Kilutheri, naye Mwislamu wa watu, akafunga. Yule mpiga picha alimtazama Hatibu muda mrefu, kisha akanitazama mimi. Halafu akainama kwenye kamera yake.

Watu hufikiri mtu wa namna hiyo analia ndani. Mimi sikulia ndani wala nje. Nilikuwa kama mguu uliokaliwa vibaya, unajua ni wako lakini ukiugusa hauna habari. Nikasubiri damu irudi. Ukazaliwa wewe, nikasema sasa itarudi. Nilikupenda, lakini nilikupenda kwa mkono wa ganzi, na nadhani ulijua.

Kisha sinema yenyewe ikaja. Kila mwaka baada ya mavuno gari la sinema lilikuja kuionyesha kwenye ukuta wa ghala, miaka kumi na moja. Niliketi mbele kabisa. Mke wa mshika funguo angekaaje nyuma? Wewe nilikuacha nyumbani kila mara, usiione.

Kama picha za Machi zipo, nataka kumwona. Hilo tu ndilo ninalolitaka. Daktari amesema jicho la kulia litafika Desemba likijitahidi. Na jina aandike. Miaka yote hiyo anaonyeshwa, na kumbe si yeye.

Mama yako

Wembley
20 Juni 2024

Mama,

Shikamoo. Sijui kuandika barua ya kujibu ile yako, kwa hiyo nitaandika ya kawaida. Ndiyo, nilijua. Sikulaumu. Mimi nami niko hivyo hivyo, nilidhani ni baridi ya huku.

Nilimsomea Kiyomi barua yako kwa Kiingereza changu cha kubahatisha. Alisimama, akainama mpaka nikaona utosi wake, akakaa hivyo. Sikujua kama nami niiname au niseme pole. Nikasema pole. Alikuwa anajua baba yake aliona kitu akanyamaza, hakujua ni nini. Filamu hii anaitengeneza kwa sababu ya yale maneno ya kwenye daftari.

Kisha akaniambia jambo. Baada ya lile tsunami la kwao alijitolea na wenzake kuosha picha za familia zilizookotwa kwenye matope. Walizikausha kwenye kamba ndani ya ukumbi wa shule, watu wakaja kutafuta za kwao. Mzee mmoja akachukua picha ya mtoto, akaikumbatia, akaondoka nayo. Kiyomi alikuwa anajua ile picha ni ya familia nyingine, nyuma yake palikuwa na jina. Hakumzuia. Anasema kule ukumbini aliweza kuacha, lakini ndani ya filamu hawezi, kwa sababu filamu hutazamwa na watu ambao hawamjui yule mtoto, na wataamini kila kitakachoandikwa.

Ndiyo maana ana desturi yake. Jina haliandikwi mpaka mtu wa familia autambue uso mwenyewe, bila kuambiwa tarehe. Hata kibao cheusi chenye tarehe kinachopigwa mbele ya kamera kikiwepo, bado anauliza. Nilimwambia, mama hawezi kumkosa mwanawe. Akasema hana shaka, ila ndiyo desturi.

Basi nimeweka humu picha mbili kubwa, nyuso peke yake, kamera ilikuwa karibu. Nyuma nimeandika namba moja na namba mbili. Mmoja ni wa Machi, mwingine wa Julai. Sikwambii yupi ni yupi. Chukua muda wako, tumia kioo, kisha uniandikie namba. Ndipo hatimaye utamwona.

Chancelle, yule Mkongo ninayesafisha naye, ameshika bahasha hii akaiombea. "Dada, ii ndjo barua ya kweli," amesema. Nimemwacha aombe.

Mwanao,
Nakijwa

Langoni
14 Julai 2024

Mwanangu,

Marahaba, marahaba. Bahasha imefika Alhamisi. Kioo sikukihitaji.

Ni namba mbili.

Nilimjua kabla hata sijaigeuzia mwangani. Yale macho, na ule mdomo unaotaka kucheka huku umeambiwa usicheke. Namba moja niliitazama pia kwa heshima, mtoto mzuri, maskini, lakini nikaiweka chini ya godoro. Namba mbili nimemwagiza fundi Same anitilie fremu. Mwanangu, nimemwona. Nilidhani nimemsahau, kumbe nilikuwa naye wakati wote! Damu haijarudi yote, lakini leo nimesikia vidole.

Mwambie Kiyomi aandike: Eliakunda, mwana wa mshika funguo, Langoni. Na amshukuru marehemu baba yake kwa niaba yangu, maana bila yeye ningekufa bila kuuona tena uso huu. Nimemsamehe ile Julai.

Mama yako mwenye furaha

Wembley
4 Agosti 2024

Mama,

Shikamoo. Umepatia. Ndiye yeye.

Huku joto limezidi, watu wamelala uchi kwenye bustani kama samaki wa kuanikwa. Mwenye nyumba wangu, Kavita, mzaliwa wa Tanga, anapika maandazi kila Jumapili na kunilazimisha nile manne. Makaratasi bado. Kiyomi anasema filamu lazima ifungwe Novemba, na mambo ya majina ataamua mwenyewe, usihangaike nayo. Ile namba moja nayo usihangaike nayo.

Chancelle anasema mimi ni mwoga. Usimsikilize, anapenda maneno.

Matone usiache.

Mwanao,
Nakijwa

Langoni
20 Oktoba 2024

Mwanangu Nakijwa,

Natumaini u mzima, na Kavita bado anakulisha. Mimi naandika kwa kalamu nene aliyoniletea Hatibu, na pua imekaribia kugusa karatasi.

Barua yako ya Agosti niliipata. Picha ya fremu niliitundika sebuleni juu ya redio. Mwezi uliopita Hatibu alileta unga, akasimama mlangoni na gunia begani, akasema, "Mama Eliakunda, mbona umenitundika mimi ukutani?" Akacheka. Mimi sikucheka, naye akaacha. Akalitua gunia, akanionyesha kovu lake juu ya nyusi, la jembe la baba yake, alilipata akiwa na miaka mitano. Nikachukua kioo nikaenda ukutani. Kovu lipo.

Sikukasirika. Ningependa kukasirika, ingekuwa kitu. Wewe uliona namba niliyoandika, ukaogopa, ukaniambia nimepatia. Mimi ningefanya hivyo hivyo. Ila usirudie. Anayepoteza macho hudanganywa na kila mtu, hata na muuza nyanya, wewe usiwe mmoja wao.

Nimefikiri ilikuwaje. Eliakunda nilimwona miaka sita, basi. Huyu mwingine nilimwona kwenye ukuta wa ghala mwaka baada ya mwaka, mkubwa kama mlango, na watu wote nyuma yangu, kwa kuulinda mradi, wakisema, "Tazama, Eliakunda." Nikarudi nyumbani kila mara na uso huo. Mimi mwenyewe nilimvisha shati, mimi mwenyewe nilimpakulia, na bado sinema ikanishinda. Sikumsahau mwanangu siku moja. Nilichokuwa nakumbuka ndicho hakikuwa yeye.

Sasa mwambie Kiyomi aandike hivi. Chini ya namba moja: Eliakunda, Machi. Chini ya namba mbili: Hatibu, Julai, aliazimwa. Chini yangu mimi aandike kwamba nilionyeshwa wote wawili nikachagua yule asiye wangu. Asiogope, asinipambe. Watu waijue picha inaweza kumfanya nini mama mzima mwenye akili. Hatibu amekubali jina lake litajwe. Ameomba tu pale alipofunga mikono kuomba pakatwe, maana baba yake yu hai na ni mkali. Nikamwambia huyo mama wa Kijapani hakati kitu, avumilie. Amesema atavumilia.

Picha ya Hatibu nimempa mkewe. Namba moja nimeitoa chini ya godoro. Mara ya kwanza niliketi nayo mapajani nikasubiri kitu kinijie. Alikuwa mtoto wa watu, ananitazama. Nikamsalimia, nikajisikia mjinga.

Kukumbuka nimeacha. Sasa namsoma. Unakumbuka nilivyowafundisha wazee wa kisomo, herufi moja moja, na mtu hasogei mbele mpaka ile aijue hata akiamshwa usingizini? Ndivyo ninavyofanya. Jua likifika dirishani naketi na kioo mpaka jicho liume, kisha nafumba na kujiuliza. Paji la uso lilinichukua wiki nzima. Sikio la kushoto nimelijua, lina kikunjo kidogo juu, naweza kukuchorea. Nyusi zilinisumbua, sasa ziko. Daktari ameniambia Jumatatu kwamba nisiitegemee tena hiyo Desemba.

Leo nimeanza pua.

Mama yenu